Siku Niliyoifuta Kompyuta

Baba, shikamoo.

Kiwanda kinasaga tena. Naanza na hilo kwa sababu najua ungeliuliza kwanza, kabla hata ya kumuulizia Mama.

Mwezi uliopita umeme ulikatika siku tatu, kumbe na betri ya kile kisanduku chako kinachoongoza vinu ilikuwa imekufa. Kisanduku kikasahau kila kitu. Mjomba Idi, fundi mwenzako, akakichomekea kompyuta mpya ya tajiri aliyenunua kiwanda. Kimya. "Hii ya kisasa inaongea mbio, kisanduku ni mzee, hasikii," akasema. Tajiri akatoa wiki moja tu: kikishindikana king'olewe, na watu wa vinu waende nyumbani.

Basi Mjomba akaja kwetu Makole kuchukua kompyuta yako ya zamani, ile uliyopewa kiwanda kilipouzwa. Akawa anaipangusa huku anaimba.

Baba, mimi niliifuta. Unakumbuka uliniambia, "Zuhura, ifute hiyo kompyuta, naja"? Kitambaa kilikuwa palepale kitini. Lakini nilikuwa nimetoka kusoma kitabu chako cha kompyuta cha Kiingereza, na kichwani mwangu "kufuta" kulikuwa na maana moja tu: "delete", kuondoa kila kitu. Nikaandika amri, nikabonyeza. Programu ya kuongea na kisanduku, na maelekezo yote ya vinu, vikaondoka. Tangu siku ile nilikula nimeinama ili tusitazamane. Ulipougua nikasema nitakwambia kesho. Kesho haikukukuta.

Nikamwambia Mjomba kabla hajaiwasha, kwa sauti yangu hii ya mbu. Akacheka mpaka akakaa chini. "We mtoto! Baba yako si alitusimulia: nimemwambia afute vumbi, kafuta kazi! Akairudisha kwa disketi kesho yake."

Akawasha. Herufi za kijani zikaja, programu ipo. Alasiri ile kisanduku kikajibu, vinu vikanguruma. Hakuna aliyerudishwa nyumbani.

Kumbe ulijua. Nimelia, Baba, lakini kama mtu aliyetua ndoo kichwani. Najua ulininyamazia kwa sababu ya aibu yangu. Ila tungeicheka wote, mimi na wewe. Hapo tu ndipo panaponiuma.

Pumzika, Baba. Nakuahidi, nikikosea nitasema siku hiyohiyo. Leo nimeanza na Mama, nimemwambia nani alivunja chupa ya chai.

Na yeye alijua.

Mwanao,
Zuhura