Firigisi ni ya Baba

Hilaria mwanangu,

Gari la kwenda Muze linapiga honi barabarani, begi liko begani, naandika nimesimama. Vipapatio viko kwenye beseni la bluu, nimevikoleza limau, kitunguu saumu na pilipili kichaa. Saa tano vipange kwenye sufuria pana, makaa machache chini, mengi juu ya mfuniko. Usifunuefunue. Ndivyo nilivyofundishwa Mbala, ng'ambo ya mpaka, miaka ile nilipokuwa huko badala ya kuwa na wewe.

Asubuhi tulipokuwa tunakatakata kuku, uliweka firigisi pembeni ukasema, "Hii ya baba." Mimi huyo nikanyoosha mkono. Ukainamisha macho: "Siyo wewe. Ya Baba Eustaki, anakuja mchana kutoka Mwazye."

Mwanao Jane akaangua kicheko. "Babu kanyang'anywa!"

Nikacheka na mimi. Halafu nikatoka kwenda kunawa, nikakaa huko mpaka ukaniita mara mbili.

Sina kinyongo na mzee Eustaki. Yeye alikulea, akakusomesha, akakupeleka kanisani siku ya ndoa. Mimi nilituma kitenge kimoja, tena kwa mkono wa mtu. Firigisi ni yake. Ila kumwangalia akiitafuna mbele yangu, hapo nimeshindwa.

~~Nitarudi Jumapili.~~ Sijui nitarudi lini.

Vipapatio vya Jane visivyo na pilipili viko kwenye bakuli. Yeye akitangulia kufika kutoka shule ajue: mama yuko sokoni, baba yuko shambani, babu wa Mwazye yuko njiani, na mimi nimeondoka.

~~Baba yako~~
Babu yake Jane