Dakika ya Nne ya Ujumbe Wako

Baba yangu, shikamoo.

Nimekaa kwenye kiti chako hapa barazani Mtendeni, nasubiri useme marahaba. Mwezi mzima sasa. Najua hutaitika, lakini kinywa changu hakielewi.

Unaikumbuka kazi yangu ya kwanza? Ile studio ya video za harusi pale mtaani, nikiwa ndiyo nimemaliza kidato cha sita. Video ya harusi yenye urefu wa saa nne niliipunguza ikawa ya saa moja, nikajiona fundi kweli kweli. Kumbe nimemkata shangazi wa bwana harusi, hodi yake yote na salamu zake zote! Yule mama alikuja mpaka hapa nyumbani, diski mkononi: "Mzee, mwanao kanifuta!" Ukamwomba radhi, ukamnywesha chai, na alipoondoka ukacheka mpaka kofia ikadondoka. Kisha ukaniambia, sasa hucheki, "Salamu za mtu hazikatwi, mwanangu."

Nikaenda Stockholm kusomea uhariri wa filamu, nikabaki huko, na mwalimu wangu akanifundisha kinyume chako: anza pale jambo lilipokwisha kuanza. Ondoa mlango, ondoa habari za asubuhi. Nikawa hodari wa kuondoa. Ikafika mahali waongozaji wa Kiswidi wananitafuta mimi kabla hawajapiga hata picha ya kwanza. Nilipokuja likizo nikakuonyesha filamu moja kwenye kompyuta. Mzee kaingia kwa jirani yake, kaketi, kaanza kulia. Ukanishika mkono. "Ngoja kwanza. Huyu kaingiaje? Hata hodi? Si mwizi huyu?" Nikakueleza kwamba hodi nimeikata mimi. Ukatikisa kichwa, ukasema hao watu wana shida.

Ah, baba. Kila ujumbe wako wa sauti ulikuwa wa dakika saba, nane. "Mwangaluka, mwanangu," halafu unanyamaza kabisa unisubiri niitike, utadhani nipo chumba cha pili. Unauliza baridi. Unamuulizia yule jirani yangu mwenye mbwa. Unaleta habari za mama, za mbuzi, za mizinga yako ya nyuki kule Kwihara, za mvua. Mimi niko kazini, mwongozaji kakaa nyuma yangu, filamu inadaiwa. Basi nikawa nauvuta kwa kidole mpaka mwisho, nasikia "haya, tuombe uzima," nakujibu kwa alama ya dole gumba. Nilifanya hivyo miaka, na wewe hukujua.

Wa mwisho ulifika Jumatatu. Nikauvuta vilevile. Wiki iliyofuata mdogo wangu akanipigia simu, na nilipotua Tabora ulikuwa umeshazikwa siku mbili nyuma.

Niliusikiliza wote nikiwa chumbani kwako, nikitaka sauti yako tu. Salamu zikaanza. Mbuzi kazaa pacha. Halafu, dakika ya nne, kati ya mbuzi na mvua, ukasema kama jambo dogo: "Na mimi kifua kinanibana siku hizi. Mama yako sijamwambia, atahangaika. Nakwambia wewe. Niende hospitali gani, mwanangu?" Ukanyamaza, ukanisubiri. Kwa mazoea ya kazi niliupima ule ukimya: sekunde tisa. Kisha ukaendelea na mvua.

Ulisubiri siku nane, baba. Jibu langu lilikuwa dole gumba.

Moyo wangu umevunjika, sina namna nyingine ya kulisema. Stockholm wananipigia, filamu imekwama, sipokei. Siwezi kukata kitu.

Lakini kinachonimaliza ni mama. Yuko eda, na kila siku ananiuliza, "Mzee yule hakumwambia mtu yeyote? Hata wewe, kipenzi chake?" Mara zote nimejibu hapana. Sasa anakulaumu. Anasema ulikuwa msiri, ulijiondokea kimya kimya kama mtu asiye na familia. Nakaa hapo nasikia unasemwa kwa kosa langu, nainamisha kichwa, namimina chai.

Basi barua hii naandika kwako, ila leo baada ya alasiri nitamsomea yeye. Nikifika hapa nitaiweka chini nimtazame usoni.

Mama, baba alisema. Aliniambia mimi, na sikumsikiliza.

Pumzika, baba. Sikuombi unisamehe leo.

Binti yako