Dole Nililodhani ni la Salfa

Mjukuu wangu Salima,

Huku Nkowe tu wazima. Mguu wa mama yako umepona, na mikorosho imeanza kutoa maua. Umeuliza kwa nini sijairudisha karatasi ya benki, ile ya kuweka shamba langu dhamana ya mkopo wako.

Nilipokuwa mke kijana, babu yako alinipa karatasi huku akitazama pembeni. Kila msimu tulitia dole gumba kupokea salfa, dawa ya mikorosho, basi nikatia bila kuuliza. Kumbe nimeiweka nyumba yetu dhamana ya mkopo wake. Dalali alipotangaza mnada, nilikwenda mahakamani Nachingwea kuupinga, nikaapa kwamba sikushirikishwa. Hakimu akainua ile karatasi.

"Mama, dole hili la nani?"

Nikasogea, nikalitazama. Lilikuwa langu.

Yaliyofuata tuyaache. Babu yako hakuwa mtu mbaya; aliogopa tu kuniambia.

Sijakukatalia, mjukuu wangu, ila naogopa. Usimtume tena bodaboda na kidau cha wino. Njoo mwenyewe unisomee, mstari kwa mstari. Popote sauti yako itakaposita, hapo nitajua.

Bibi yako