Maganda ya Kahawa Ndani ya Bahasha

Mama yangu mpendwa,

Shikamoo. Kabla hujasoma zaidi, tazama gundi ya bahasha. Niliipaka mara mbili, kisha nikapitisha utepe mweusi wa karakana. Kama utepe umekatwa, kuna aliyesoma kabla yako, na sote wawili tunamjua. Nimempa barua hii mwenzangu wa Vwawa anayerudi likizo, na nimemwapisha aiweke mkononi mwako wewe, si mwa Kaka Yona. Isome mwenyewe polepole, hata kama miwani inateleza. Ukichoka, mpe mdogo wangu Neema akusomee, ila mfunge mlango kwanza.

Mgongo unasemaje siku hizi? Na mibuni ya juu, ile uliyoikata mwaka jana, imechipua? Mimi mwili ni mzima. Joto la huku halina adabu, na vumbi linaingia hadi kwenye ugali, lakini tumezoea. Moyo ndio hauko sawa, nami nitakwambia kwa nini.

Sikupigi simu kwa jambo hili kwa sababu simu yako Yona huiweka sauti ya nje. Nikiuliza habari za shamba la bondeni, anajibu yeye. Mara ya mwisho aliniambia yuko bwana wa malori ya Tunduma anayetaka kulikodi, ayaegeshe hapo na kuyaosha wakati yanasubiri foleni ya mpakani. Nikamuuliza, na chemchemi yetu iliyo chini yake? Akacheka. Akasema karatasi zinaonyesha wazi kwamba maji machafu yote yatabebwa na gari na kumwagwa mbali. Ati kilichobaki ni sahihi yako tu, wewe mwenye shamba. Mama, ngoja nikueleze gari la namna hiyo ninavyolijua.

Huku kwenye ulinzi wa amani nimepewa kazi ya kusimamia usafi wa mazingira ya kambi. Wenzangu wananiita Bwana Afya. Naangalia takataka zisichomwe ovyo, betri zisizikwe, na maji ya kuoshea magari, yale yenye oili, yakusanywe kwenye shimo la zege. Kila Jumatatu na Alhamisi gari la mkandarasi huja kuyanyonya na kuyapeleka ng'ambo ya mji, mahali palipotengwa. Dereva akirudi ananipa karatasi, naweka sahihi kwamba maji yamefika.

Sasa mahali penyewe ni mwendo wa saa nzima kwenda tu. Siku moja gari liliondoka nikiwa namimina chai, likarudi sijamaliza kikombe. Nikamuuliza dereva, akasema barabara imetengenezwa. Imetengenezwa na nani, na usiku upi? Nikaomba nipande naye safari inayofuata, akasema kiti cha pembeni kina tairi la akiba. Safari iliyofuata tena, tairi lile lile limekaa kama abiria. Nikampelekea kapteni wangu wasiwasi huo. Alinisikiliza huku anasoma kitu kingine, halafu akauliza, "Sajini, karatasi zako ziko sawa?"

Nikasema ziko sawa. Akasema basi.

Ndipo nikakukumbuka wewe na Baba Mdogo. Unakumbuka alipoweka mashine ya kumenyea kahawa kule juu, maji ya chemchemi yakaanza kunuka, naye akaapa mbele ya wazee wa kanisa kwamba ya kwake yanaishia shimoni? Hukubishana naye. Ulirusha konzi ya maganda makavu ya kahawa kwenye maji yake, ukashuka ukakaa chemchemini na kisu chako cha kupogolea kana kwamba una kazi. Jioni ulimwekea maganda yale mezani, karibu na chai yake. Ulituambia watoto tufuate maji, tusifuate maneno.

Ile kahawa yenye ganda uliyonifungia nilipoondoka, huwa naitwanga kidogo kidogo nikaange mwenyewe. Maganda yake nilikuwa nayatunza kwenye kopo, sijui kwa nini, labda kwa harufu ya nyumbani. Jumatatu iliyofuata nikayamwaga yote shimoni kabla gari halijafika. Nchi hii haina mbuni hata mmoja.

Jumatano nikaomba kutoka na doria ya miguu. Tulishuka hadi kijito cha kijiji cha jirani. Palikuwa na mama anayetuuzia karanga getini, umri wako kabisa, anachuja maji ya kunywa kwa kipande cha kitenge juu ya ndoo. Kitenge kilikuwa na utando wa oili, na juu ya utando yamelala maganda yetu, Mama. Ya kwetu nyumbani, Nanyala. Akakikung'uta, akamwambia mkalimani neno, mkalimani akanigeukia.

"Anauliza hivi ni vitu gani."

"Sijui," nikasema.

Nilimdanganya mama wa watu huku nimevaa bendera begani. Niliona aibu hadi masikio yakawaka. Niliomba radhi baadaye, alipokuja getini, naye aliniangalia tu akafunga karanga zake. Sikumlaumu.

Nimeandika taarifa kwa mkuu wa kikosi. Gari limezuiwa, kijiji kinaletewa maji safi kutoka kambini, na mkandarasi anahojiwa. Na mimi nahojiwa, kwa haki kabisa, kwa sababu muda wote nilikuwa namtilia shaka dereva, na tairi, na kapteni, na kila safari bado naweka sahihi. Kikulacho ki nguoni mwako. Huenda wakanirudisha kabla ya wakati. Yona atasema nimefukuzwa, na atakuwa hajakosea sana.

Kwa hiyo usiweke sahihi, Mama, wala dole gumba. Huyo bwana wa malori akisema gari litabeba maji, mwambie unataka kupanda nalo hadi mwisho wa safari. Sikiliza atakachosema kuhusu kiti.

Nisalimie Neema na wanawe, na shangazi wa mashine ya kusaga. Baba Mdogo mpe pole yangu, maana nilimcheka miaka mingi nikidhani mimi si kama yeye. Yona ni kaka yangu, nampenda, msalimie pia, ila baada ya kuificha barua.

Ndani ya bahasha nimekunja karatasi yenye maganda saba. Nilirudi kijitoni kuyaokota. Yahesabu. Yakipungua, ujue utepe haukukatika wenyewe. Yakiwa saba, mpe Yona ayanuse. Bado yananuka oili, na sahihi yangu inasema yalimwagwa mbali.

Mwanao akupendaye,
Eliya