Kibuyu Chenye Shanga

Baba Wakesho,

Maharagwe yako kwa sufuria, yapashe moto. Kuku wafungie mapema. Nimeenda kwa dada yangu Mwatate.

Pampu hutiliwa mwanga wa jua. Mwanga wa marehemu ni wa kumulika nyumba, hata watoto wanajua. Leo asubuhi ukachukua kibuyu cha Wakesho wetu, ukammimina kwa pampu. Eti ulidhani ni kile cha jua! Na shanga zake nilizokifungia shingoni, hukuzihisi mkononi? Tangu tumzike, nilikuwa nalala nikimwangalia.

~~Sirudi.~~ Nitarudi Jumapili.

Nimepitia shambani. Mahindi yote uliyomwagilia yanang'aa. Usivune hata moja. Na jioni toka ukae naye kidogo, hajazoea kulala nje.

Mama Wakesho