Shibiri Kasoro Vidole Viwili

Ijumaa, 18 Julai 1975

Bwana Mganga aliniita ofisini baada ya swala. Hakunikaripia. Afadhali angenikaripia! Alisema kwa upole kabisa: Marijani, gari hili la wagonjwa litabaki hapa hapa Kilindoni. Njia ya Bweni haliiwezi.

Yote ni ya juzi Jumatano. Safari ya kwanza ya kliniki ya Bweni tangu gari lishushwe bandarini, na mimi dereva nimevaa kofia mpya. Kijiji cha Kanga tumekipita vizuri. Mbele kidogo pana ule mgongo — magurudumu yanapita kwenye mifereji miwili ya mchanga, na katikati limeinuka jiwe lenye nyasi juu yake, hatua kama mia mbili. Trekta halijali. Gari letu dogo, hili la Kifaransa lenye mlango nyuma, likapanda jiwe kwa tumbo na kutulia pale kama kasa anayetaga. Tukajaza makumbi ya nazi kwenye mifereji, magurudumu yakayatema. Jiwe lenyewe halichimbiki, jembe linaruka. Kulia minazi ya watu, kushoto minazi ya watu. Mpaka trekta la kijiji likatuvuta kinyumenyume, watu wanapiga vigelegele. Vigelegele!

Nilimwomba Bwana Mganga anipe nafasi nyingine. Akafikiri. Akasema: kabla ya Ramadhani, lifike Bweni na kurudi, na pale kwenye mgongo mgonjwa asishuke. Gari la wagonjwa ambalo mgonjwa anashuka kutembea, hilo ni la nini? Likishindwa linakwenda kubeba barua za ofisini.

Nasema mwenyewe humu, maana hapa hanioni mtu. Mwatima wangu yuko Bweni kwa mumewe Shaabani, na mimba yake inaingia mwezi wa saba. Mwaka jana tulimleta kwa tela la trekta aje ajifungulie kwa mama yake. Mtikisiko ukamshinda, akashuka, akatembea kwenye mgongo huo huo. Mtoto akazaliwa mfu pale Kanga. Inna lillahi. Sitaki akanyage tena lile jiwe kwa mguu wake.

Sasa niya yangu ni ipi — kliniki ya watu, au mwanangu? Mola anajua. Naomba azikubali zote mbili.

Jumamosi, 19 Julai

Nimepima. Nimelala chini kwenye mchanga na kupima kwa shibiri, kidole gumba mpaka cha mwisho, kutoka ardhini mpaka bakuli la oili, ndiyo sehemu ya chini kuliko zote. Shibiri kasoro vidole viwili. Chuma kimechoka, gari lilitumika miaka mingi Dar es Salaam kabla hatujapewa sisi.

Nikamwambia mke wangu, Mwanahija, gari ni kama kanzu. Kanzu ikishuka chini ya kifundo inaburura na kuchafuka, dawa yake ni kupandisha pindo. Akacheka mpaka akaweka mbuzi ya nazi chini. Akasema: Baba Mwatima, hakuna kilichoshuka hapo ila wewe umeongezeka. Akanigusa kitambi kwa mwiko.

Mimi na kitambi! Kidogo tu.

Jumatatu, 21 Julai

Nesi Mwanamkuu kanisomea kitabu cha gari. Ni cha Kiingereza, na mimi darasa langu la nne halifiki huko. Mama mkali yule lakini mkweli, hata dawa ikimwagika tone moja anaandika.

Kumbe gari hili halina springi kama za lori! Lina fimbo nne za chuma zimelala chini ya sakafu, kila gurudumu na yake. Gurudumu likipanda, fimbo inajipinda kama nguo unayoikamua, halafu inajirudisha. Mwisho wa kila fimbo pana nati. Ukikaza nati, fimbo inajipinda zaidi na pembe ile ya gari inanyanyuka. Hakuna kununua kitu! Na vipuri hakuna siku hizi, kila ukiuliza wanasema fedha za kigeni. Basi hapa hazitakiwi, inatakiwa spana.

Kabla hajamaliza ukurasa akaitwa kwa mgonjwa. Nikasema yatosha, nimeelewa.

Alhamisi, 24 Julai

Leo nimemwita Ussi, kaka yake Mwanahija, fundi wa kuunda mashua. Mkono wake ni mwepesi kwa vipimo. Ulimi wake mwepesi zaidi.

Akazunguka gari na kamba yake. Akapima gurudumu la mbele mpaka la nyuma, upande wa kulia. Akaja kushoto. Akarudia. Kisha: Shemeji, wamekupa chombo kilichopinda! Kulia ni kurefu kuliko kushoto, vidole vitatu.

Nikamwambia haiwezekani. Akasema kamba haina shangazi wa kumpendelea. Nikapima mwenyewe — kweli! Nikadhani ni lile jiwe, nimelivunja gari la serikali. Ussi keshachukua nyundo kubwa anataka kulinyoosha. Alhamdulillahi Nesi Mwanamkuu akapita, akachukua kitabu, akasoma: limeundwa hivyo. Zile fimbo za nyuma zimelala moja mbele ya nyingine, ndiyo maana gurudumu moja limetangulia.

Ussi akarudisha nyundo kapuni. Akasema: Wafaransa! Mimi nikiunda mashua hivyo, mwenyewe atanifukuza kwa kasia.

Ijumaa, 25 Julai

Ushindi! Asubuhi nimelipandisha gari kwa jeki na kukaza nati zote nne, mizunguko sawa kulia na kushoto. Nikalishusha. Nikapima. Shibiri na vidole vinne! Nikaoga, nikavaa kanzu, nikaliendesha mpaka msikitini ili watu waone.

Baada ya swala nikawaita wapime wenyewe. Nikalala mimi kwanza nikiwaonyesha. Shibiri na kidole kimoja. Vidole vitatu vimepotea kati ya nyumbani na msikitini! Mmoja akauliza kama nimevisahau kwenye maji ya udhu.

Nimekwenda kwa Nesi. Amefungua ukurasa ule ule tulioacha. Mstari wa mwisho: ukishusha jeki, lisukume gari mbele na nyuma kwanza, ndipo upime. Magurudumu hubaki yamejikunja, gari linajifanya refu. Mstari mmoja tu!

Mwanahija alinipakulia muhogo wa nazi, akaupima kwa shibiri.

Jumapili, 27 Julai

Ussi na mimi tumepanda trekta la kwenda Kanga, tukaukagua mgongo wenyewe. Akalaza ubao juu ya jiwe pale palipoinuka kuliko pote, akasimamisha kijiti ndani ya mfereji, akakikata sawasawa na ubao. Akakipiga alama kwa ngeu, ile rangi nyekundu anayopigia mistari ya mbao. Kijiti hiki, akasema, ndio mgongo wa Kanga. Sasa mgongo unarudi nao mfukoni.

Nikalinganisha na mkono wangu: shibiri kasoro vidole vinne. Nikashangaa! Siku ile tulipokwama gari lilikuwa shibiri kasoro viwili. Lingepita!

Akanitazama kama anayetazama maji kwenye ngalawa. Shemeji, lile gari ulilipima likiwa na nini ndani? Nikasema halina kitu. Akasema: Nani anapima chombo kitupu? Mimi mashua nikiuliza inakula maji kiasi gani, nauliza na shehena yake, na watu wake, na mapipa yao ya maji. Gari lako likiwa tupu linakwenda wapi? Kutembea?

Amesema kweli. Inauma zaidi kwa kuwa ni shemeji.

Jumanne, 29 Julai

Tumelipima na shehena. Uwanja wa kliniki, pale penye sakafu ya saruji. Kiti cha mbele kushoto kakaa Nesi, nyuma kakaa Mwanahija, jirani yetu Bimkubwa na Ussi mwenyewe, na masanduku ya dawa kwenye mlango wa nyuma. Mwanahija kavaa doti jipya, utadhani anakwenda harusini. Mimi nimelala chini na kijiti.

Hakikupita. Nikakaza nati robo mzunguko, kulia, kushoto. Wakashuka, tukasukuma gari mbele na nyuma, wakapanda. Hakikupita. Robo nyingine. Mara ya nne Bimkubwa akasema yeye amechoka kupanda na kushuka, hata harusi yake haikuwa na mambo mengi hivi.

Mara ya sita kijiti kikapita! Na nafasi ya kidole kimoja juu yake. Nikapiga takbira pale pale chini.

Kitabu kimekataza kuzidisha hapo, vyuma vinavyozungusha magurudumu ya mbele vitakaa mshazari na kulalamika. Usukani tayari umekuwa mzito kidogo. Basi. Hapo hapo.

Jumanne, 12 Agosti

Bwana Mganga amekubali: kesho. Nesi Mwanamkuu ataandika ripoti. Nimemwambia Nesi ukweli kuhusu Mwatima, kwamba amefikia wakati wa kuja kwa mama yake, na kwamba ni mwanangu. Akasema atamwandika kwenye orodha ya kliniki kama mwanamke mwingine yeyote mwenye mimba kubwa, na kama pana mgonjwa zaidi yake, Mwatima atangoja. Ni haki. Nikasema inshallah.

Mwanahija amefua mashuka. Ameweka kitanda karibu na dirisha.

Jumatano, 13 Agosti, asubuhi

Nimeswali, nimesoma dua ya kupanda chombo. Kijiti kipo. Daftari nimelitia chini ya kiti.

Jumatano hiyo hiyo, Bweni, adhuhuri

Tumefika! Watoto wamekimbia mbele yetu mpaka kwenye zahanati. Kina mama ishirini na sita wamepimwa, mgonjwa zaidi ya Mwatima hakuna. Mwatima amenipa shikamoo akiwa amekaa, miguu imemvimba kidogo, uso unang'aa kama wa mama yake siku zile. Marahaba, mwanangu. Nilitaka kulia nikasema vumbi.

Lakini niandike na hili. Pale kwenye mgongo nilisikia krrr. Kidogo. Nesi akauliza, nini hiyo? Nikasema nyasi. Mungu anisamehe, nilijua si nyasi. Nimelala chini ya gari sasa hivi: bakuli la oili lina mstari mpya unaong'aa, kama uliochorwa kwa msumari. Halivuji. Ila kijiti kilipita na nafasi ya kidole! Na leo tulikuwa wawili tu na masanduku!

Nimekwenda kukiri kwa Nesi habari ya nyasi. Ameiandika.

Mwatima alikuwa anasikiliza kutoka kwenye mkeka. Akasema: Baba, siku mlipopima, nani alikaa wapi? Nikamtajia. Nesi mbele, mama yako nyuma, Bimkubwa, mjomba wako Ussi. Akasema: na wewe? Nikasema mimi nilikuwa chini, nashika kijiti. Akaziba mdomo kwa kanga. Baba, na kwenye usukani alikaa nani?

Hakuna!

Hakukaa mtu. Mwezi mzima naipima shehena, na dereva simhesabu! Na kiti changu ndicho kilicho karibu na bakuli la oili. Mama yake alisema tangu siku ya kwanza, akanigusa na mwiko. Sitamwambia. Nitamwambia.

Jumatano hiyo hiyo, kwenye mgongo, baada ya alasiri

Naandika juu ya boneti. Nesi kaenda kwa miguu Kanga kuita watu wanaotoka msikitini.

Hali ni hii. Tumesimama hatua tatu kabla ya jiwe. Mama mkwe wa Mwatima, anayemsindikiza kutoka Bweni, na Nesi walishuka wenyewe, wazima wa afya, hawahesabiwi. Mwatima yuko ndani, nyuma, mto mgongoni. Nilikaa kwenye usukani, Nesi akalala kwenye mchanga na gauni lake jeupe, akapitisha kijiti. Linagusa, akasema. Nikamwambia aangalie vizuri. Akasema: Bwana Marijani, mimi siandiki nyasi.

Spana ninayo. Nati haziendi zaidi, ama zinakwenda na vyuma vya mbele vinavunjika, tulale hapa na yeye ndani.

Mwatima akafungua mlango. Akasema: Baba, si hatua mia mbili tu? Nitatembea taratibu. Akatoa mguu mmoja. Nilipaza sauti — sijampazia sauti tangu alipokuwa mtoto. Nikamwambia rudisha mguu ndani. Akaurudisha. Wote wawili tunajua tunachokijua, na ni mahali hapa hapa.

Basi nikashuka mimi.

Nesi akalala tena. Kijiti kikapita chote, kikatokea upande wa pili. Kidole kimoja juu yake! Akainuka na mchanga kwenye mashavu, akanitazama, akatazama kitambi changu, na Nesi Mwanamkuu, ambaye sijapata kumwona akicheka, akacheka.

Bwana Mganga alisema mgonjwa asishuke. Hakusema dereva asishuke. Nesi amesema ataandika hivyo hivyo kama ilivyo: mgonjwa alikaa, dereva alitembea, na mwenye kusoma aamue mwenyewe.

Mwatima anauliza naandika nini muda wote huu. Nimemwambia hesabu za gari. Anasema: basi mara hii ujiandike na wewe.

Nawasikia wanakuja. Kama watu kumi, wanacheka toka mbali, Nesi keshawasimulia. Watasukuma, gia nimeitoa. Mimi nitatembea ubavuni, mkono mmoja umepita dirishani umeshika usukani, hatua mia mbili. Mwatima ameshika mto kwa mkono huu na tumbo kwa ule. Viatu nimevua, nisiteleze.

Bismillahi. Wameshafika. Nafunga daftari.