Zigizaga Isiyokuwa ya Cherehani

Mpendwa Shangazi Mshauri, naomba msaada, ingawa nusu ya barua hii ni majigambo na utanivumilia. Mimi ni fundi cherehani, huu mwaka wa kumi na nne, na kwa miaka sita nimeandamwa na kitu nisichokijua jina, kinaanza kwa mwanga pembeni mwa jicho unaopindapinda sawasawa na mshono wa zigizaga, nami najua ni kitambaa nimeshona vibaya, nachukua wembe nafumua, nashona upya, naona bado kumepinda, nafumua tena, mpaka wenzangu wakanibatiza Mama Fumua, na baada ya nusu saa kichwa kinagonga upande mmoja, natapika, naishia chini ya meza ya kukatia na bitana nyeusi, kile kitambaa cha ndani ya gauni, usoni. Vidonge nilikuwa navyo, ila mama mkwe alinifunza kwamba dawa haimezwi kwa maumivu madogo, ngoja yapambe moto, basi nikangoja, nikameza, nikatapika kila kitu.

Mwaka huu bosi alinipeleka zahanati kwa nguvu, na daktari alicheka nilipomweleza habari za kufumua. Akasema, "Mama, hicho ni kipandauso, na hiyo zigizaga ni kengele. Mshono wako hauna kosa." Akanipima presha na kuniuliza habari za moyo, kisha akaniandikia ibuprofen na dawa ya kichefuchefu nimeze mara mwanga ukianza, na sumatriptan nimeze maumivu yakianza tu, nisiyasubiri yakomae. Shangazi, siku mbili kabla ya harusi ya binti wa bosi, gauni likiwa bado vifungo ishirini na viwili, mwanga ukaja saa nne asubuhi, nikaweka wembe chini, nikafanya kama nilivyoambiwa, nikalala saa moja na nusu, nikaamka mzima nikamaliza vifungo vyote, na bosi akanivisha shingoni ufunguo wa chumba cha kukatia, sasa mimi ndiye msimamizi.

Tatizo ni kwamba ushindi ule ulinilevya, nikajiambia kama kidonge kinazima moto basi kila asubuhi kitauzuia usiwake, na huu mwezi wa nne nameza ile sumatriptan kila siku kabla ya kukaa mashineni, na kichwa sasa kinauma kila siku, maumivu mazito yasiyo na mwanga wala kengele. Mwenzangu mwenye presha naye anataka nimgawie nusu. Wifi yangu anasema, "Tupa hivyo vidonge, rudi kwenye bitana yako." Tuna majoho arobaini ya kwaya ya kukabidhi baada ya miezi mitatu, na nikianza tena kulala chini ya meza huu ufunguo utavuliwa. Nishike lipi?

SHANGAZI ANAJIBU

Mama Fumua, kwanza hongera. Umekiangusha kitu kilichokulaza sakafuni miaka sita, na gauni lilitembea. Hilo hakuna wa kukunyang'anya.

Sasa lete sikio nilivute. Nani alikwambia dawa ya kuzima shambulio ni ya kunywewa kama chai? Daktari alikupa mkasi, wewe unapigia nyundo. Kidonge cha namna hiyo ukikimeza kila siku, kichwa kinakizoea, na nguvu za kidonge zikiisha kichwa kinauma kudai kingine. Hayo maumivu mapya yanaelekea kuwa ya kidonge chenyewe. Mama mkwe alikosea kukungojesha, nawe umekosea kwa kuwahi kabla hata adui hajatoka kwake. Na wifi yako mwambie bitana ni ya magauni.

Wiki hii hii rudi kwa daktari yule na pakiti zako, useme ukweli wote, hata ule wa aibu. Mwambie akuongoze kuacha, na muulize dawa za kuzuia, maana zipo na ni za aina nyingine kabisa. Siku za mwanzo kichwa kitanuna, usikibembeleze. Ukutani weka kalenda, na kila siku ya kidonge kikali itie alama kwa chaki yako ya kushonea. Alama zisifike kumi kwa mwezi. Mwenzako mwenye presha usimpe hata chembe, kwani dawa hiyo hubana mishipa ya damu na inaweza kumdhuru. Na siku kichwa kikilipuka ghafla kuliko ulivyowahi kuona, au mkono ukalegea, au maneno yakakupotea, usitafute kidonge wala bitana. Kimbilia hospitali.

Umefumua mishono mizima miaka sita. Huu wa sasa umepinda kweli, dada yangu. Ufumue.

Nilimtumia jibu hili kabla ya kulichapa. Baada ya wiki kumi na moja ameniletea karatasi, nami naiweka kama ilivyo:

"Shangazi, wiki mbili za kwanza nililia na nikakulaani, unisamehe. Mwezi huu kalenda ina alama tatu. Mwanga umekuja mara tatu na mara tatu nimeuwahi. Majoho yamekabidhiwa jana, ufunguo ninao shingoni. Katika yote arobaini nimefumua moja tu, na wifi yangu ni shahidi, lilikuwa limepinda."